Tupeane uzoefu: TV inachelewesha gemu, ulizima nini ikakaa sawa?

Pedi Nyekundu
Wakuu, kuna mdau kwenye uzi mwingine analalamika pedi yake mpya ya PS4 ni "nzito", yaani anabonyeza na mchezaji anachelewa kuitika, na anataka kuirudisha dukani. Asihangaike na pedi kabla hajaiangalia TV. TV za siku hizi hazionyeshi picha palepale inapoingia. Zinashikilia fremu kadhaa (zile picha moja moja zinazounda mwendo), zinazilinganisha, zinabuni fremu nyingine za kuchomeka katikati ili mwendo uonekane laini, zinasafisha chenga, zinakoleza rangi, ndipo picha inatoka. Kwenye gemu ya fremu 60 kwa sekunde, kila fremu moja inayoshikiliwa ni milisekunde 16.7. Zikishikiliwa tano umeshapoteza zaidi ya milisekunde 80, mpira umeshapokonywa. Kwenye tamthilia huwezi kujua, maana TV inachelewesha na sauti ili viende pamoja. Kidole chako haiwezi kukichelewesha.

Tupeane uzoefu: TV gani, ulizima nini, na kwenye menyu kinapatikana wapi.

Tandika Boy
Washa Game Mode, ile hali ya gemu kwenye menyu ya TV, kazi imeisha.

Fundi wa Flati
Haijaisha mkuu, na ndiyo maana watu wanasema "nimewasha na bado". Kwenye TV nyingi setingi ya picha inahifadhiwa kwa kila tundu la HDMI peke yake. Umewasha ukiwa HDMI 1, kesho mtu kachomoa waya kafagia, karudisha HDMI 2, umerudi kulekule. Kwa hiyo hatua ya kwanza ni kuwasha konsoli (PS yenyewe), kuhakikisha picha yake iko kwenye kioo, halafu ndiyo uingie kwenye menyu. Usiingie ukiwa kwenye king'amuzi.

Samsung za miaka ya karibuni: Settings, Connection, Game Mode Settings. Za nyuma kidogo ilikuwa General, External Device Manager, Game Mode Settings. LG za zamani chagua Picture Mode: Game na uwashe Instant Game Response kwa tundu husika. Kuanzia za 2021 kuna Game Optimizer, ndani yake kuna Prevent Input Delay yenye Standard na Boost. Boost inapunguza kidogo zaidi kwa ishara ya 60 Hz (picha 60 kwa sekunde). Sony ni Picture Mode: Game. Hisense na TCL pia ni Game kwenye Picture Mode, na baadhi zina swichi ya Game Mode pembeni, zote mbili ziangaliwe.

Ukimaliza, hakikisha mwenyewe kwamba kulainisha mwendo kumezimika. Kila kampuni imelipa jina lake: Samsung ni Auto Motion Plus au Picture Clarity, LG ni TruMotion, Sony ni Motionflow, TV nyingi za bei nafuu zinaandika MEMC. Huyu ndiye mla muda mkubwa, kwa sababu ili abuni fremu ya katikati ni lazima asubiri fremu inayofuata ifike kwanza. Hakuna namna ya kumharakisha.

Dada Fremu
Naunga mkono. Niongeze vya kuzima: Noise Reduction, MPEG Noise Reduction, Dynamic Contrast, na Sharpness ishushwe. Sharpness yenyewe haicheleweshi sana lakini inaweka ukungu mweupe pembeni ya wachezaji na majina hayasomeki.

Na jambo wanalosahau wengi: TV iliyonunuliwa ikiwa ya maonyesho mara nyingi bado iko kwenye hali ya dukani, ile inayoandikwa Store, Shop au Retail. Ikiwa hivyo, kila ukibadilisha picha inajirudisha yenyewe baada ya muda. Watu wanadhani TV mbovu. Ibadilishwe iwe Home kwanza, kisha ndiyo uanze haya mengine.

Mzee wa Penati
Hiyo ya dukani!! Kumbe.

Msee wa Likoni
Na wale wenye inchi 32 za bei rahisi, hakuna Game Mode popote, wafanyeje? Menyu ina Standard, Dynamic, Movie na User, basi.

Fundi wa Flati
Tumia User, kaka. Dynamic ndiyo mbaya kuliko zote kwa gemu. Ukiwa User, pita ukurasa wa picha mstari kwa mstari, kila kinachosema Motion, NR, DNR, DLC, Dynamic au Adaptive kiwe Off. Angalia pia kama tundu moja la HDMI limeandikwa PC, au kama menyu ya vyanzo inaruhusu kubadilisha jina la tundu. Kwenye baadhi ya TV, ukilipa jina PC inaacha kuchezea picha na inaipitisha karibu ilivyo. Nyingi za inchi 32 kioo chake ni 1366×768, kwa hiyo jaribu kutuma 720p halafu 1080p uone ipi inaitika haraka. Hazifanani.

Kijana Kariakoo
Nunua waya wa HDMI ule wa dhahabu, lagi inapungua. Mimi nauza, najua.

Dada Fremu
Hapana kaka, hapa lazima nikukatalie. Waya haupunguzi kuchelewa. Ishara inapita kwenye waya wa mita 2 kwa muda usiohesabika hata kwa milisekunde. Waya mbovu unaleta picha kukatika, nyota nyota, au kioo kuwa cheusi sekunde mbili na kurudi. Waya wenye uwezo mdogo unakunyima 4K kwa 120 Hz, kwa sababu hiyo inahitaji HDMI 2.1 inayobeba hadi gigabiti 48 kwa sekunde, wakati ya 2.0 inaishia 18. Mwenye PS5 atumie waya uliotoka nao kwenye boksi. Mwenye PS4 hana sababu ya kulipia dhahabu, PS4 haivuki 60 Hz.

Kijana Kariakoo
Wateja wangu wamesema inapungua.

Dada Fremu
Walibadilisha waya wakachomeka tundu jingine lenye setingi nyingine. Rudi usome alichoandika Fundi hapo juu.

Bwana Ping
Mnahangaika na TV wakati tatizo ni bando. Mechi za mtandaoni kutoka huku seva iko mbali, hata uwe na TV ya milioni nne.

Pedi Nyekundu
Vitu viwili tofauti mkuu, na vinatenganishwa kirahisi. Toa intaneti kabisa. Ingia menyu kuu ya konsoli, bonyeza kulia kushoto haraka haraka ukitazama kile kiboksi kinavyofuata kidole. Kikiburuzika hapo, bando haihusiki, ni TV. Kikifuata vizuri na mazoezi ya peke yako yakaenda vizuri, halafu mechi ya mtandaoni ikawa nzito, hapo ndiyo uongee habari za ping, ule muda wa kwenda kwenye seva na kurudi.

Bwana Ping
Sawa, hiyo ya kutoa intaneti nakubali. Lakini wengi humu ni bando.

Mbagala Rangi Tatu
Wacha niweke hili maana kuna mtu lazima atalijaribu usiku huu. Kuna kibanda cha gemu huku kina TV nne za zile zenye bodi za kuunganishwa tu. Kijana wa pale alisoma mahali kwamba ukibonyeza Menu kisha 1147 unaingia menyu ya fundi, na humo ndimo ilimofichwa setingi ya kuongeza kasi. Ni kweli bodi nyingi za namna hiyo zinafunguka kwa 1147. Akaingia TV ya kwanza. Akakuta ukurasa wa Panel, akaona neno Mirror, akabadilisha. Picha ikageuka juu chini. Hapo angeweza kurudi, akapaniki, akabonyeza mstari wa chini yake, LVDS Map, na rangi zikaharibika zote, nyuso za kijani, nyasi za zambarau. Akazima TV kwenye soketi akitumaini itasahau. Haisahau, imeshaandika kwenye kumbukumbu. Alipowasha tena picha iko juu chini, rangi zimekufa, maandishi ya menyu hayasomeki, na nje kuna foleni ya watoto wameshalipia.

Dakika chache baadaye mwenye kibanda anaingia, akajua kijana kapasua kioo. Kelele hadi duka la jirani. Akataka kumkata mshahara bei ya TV nzima.

Haikuwa imepasuka. TV ya pili ilikuwa ya bodi ileile na haijaguswa. Wakaingia menyu ileile kwenye ile nzima, wakahesabu mishale: chini mara ngapi hadi Panel, kulia mara ngapi, mstari wa ngapi. Kisha wakabonyeza hivyohivyo kwenye ile iliyogeuka bila kusoma kitu. Mirror ikarudi, kisha LVDS Map. Ikakaa. Bila ile ya pili wangelazimika kutafuta faili la kuipakia bodi programu upya kwa flashi.

Mzee wa Penati
Jamani nyasi za zambarau! Kijana alilipwa mshahara?

Mbagala Rangi Tatu
Alilipwa wote. Watoto wakarudishiwa muda wao.

Msee wa Likoni
Na mwenye kibanda akaomba msamaha? Kumtukana mtu mbele ya watoto si vizuri.

Fundi wa Flati
Tuache mshahara wa watu. Menyu ya fundi haina setingi ya kasi ya gemu. Ina aina ya kioo, mwanga, sauti, rimoti na mambo ya kiwandani. Kinachopunguza kuchelewa kiko menyu ya kawaida. Kama ni lazima uingie kwa sababu nyingine, piga picha kila ukurasa kwa simu kabla ya kugusa chochote.

Tandika Boy
1147 nimeiandika pembeni kwa dharura.

Fundi wa Flati
Ifute.

Zanzibar Stone
Swali la wenye PS5 na TV ya 120 Hz: VRR (ile ya TV kufuata kasi ya fremu za gemu) niwashe au nizime? Nimesoma majibu mawili.

Dada Fremu
Washa. Settings, Screen and Video, Video Output. Hapo weka VRR Automatic, 120 Hz Output Automatic na ALLM Automatic. ALLM ndiyo inayoiambia TV iingie Game Mode yenyewe, PS4 haina hiyo ndiyo maana huko unawasha kwa mkono. VRR ya PS5 ililetwa na sasisho la Aprili 2022, inafanya kazi kati ya 48 na 120 Hz. Kabla ya kuweka hizo, fungua tundu upande wa TV: LG ni HDMI Deep Colour, Samsung ni Input Signal Plus, Sony ni HDMI Signal Format kwenye Enhanced. Bila hiyo PS5 itasema TV haiwezi.

Halafu ndani ya gemu chagua Performance, si Quality. Quality nyingi ni fremu 30, kila fremu milisekunde 33.3, na hakuna TV itakayokurudishia hizo.

Baba Saundiba
Mimi nazima VRR. Kwenye TV yangu sehemu za giza zinapepesa.

Dada Fremu
Kweli kwenye baadhi ya vioo inapepesa. Kama inakukera na gemu lako halishuki chini ya 60, zima, hupotezi kitu kikubwa.

Baba Saundiba
Na wenye saundiba: usipitishe konsoli kwenye saundiba ndiyo iende TV. Konsoli iingie TV moja kwa moja, sauti itoke kwa eARC, lile tundu la HDMI linalotoa sauti ya TV kwenda saundiba. Angalia TV yako, nyingi zina matundu mawili tu ya 2.1 na moja ndilo hilohilo la eARC, kwa hiyo PS5 ichukue lile jingine. Sauti ikichelewa, PS4 iweke Audio Format iwe Linear PCM. Na hedifoni za Bluetooth za kuunganisha na TV sahau, kuchelewa zaidi ya milisekunde 100 ni kawaida yake.

Pedi Nyekundu
Anayetaka kupima bila ubishi: simu yenye mwendo pole (slow motion) wa fremu 240 kwa sekunde. Rekodi kidole na kioo pamoja. Kila fremu ya simu ni karibu milisekunde 4. Hesabu kutoka kitufe kinapozama hadi mchezaji anapoanza kusogea. Rudia mara kumi, chukua wastani. Fanya Game Mode ikiwa imezimwa, kisha ikiwa imewashwa. Namba moja moja ina pedi, konsoli na gemu ndani yake, kwa hiyo angalia tofauti. Ikiwa tofauti ni fremu 20, TV ilikuwa inakula kama milisekunde 83.

Mzee wa Penati
TV ya chogo, ile nene ya zamani, haina haya mambo. PS2 na chogo, kidole na mpira pamoja.

Dada Fremu
Chogo nyingi kweli, zinachora mstari unavyoingia bila kuhifadhi kitu. Isipokuwa zile za mwisho za 100 Hz, zina dijitali ndani na zinachelewesha.

Msee wa Likoni
Na PS2 kwenye flati? Kale kaboksi ka kugeuza AV kuwa HDMI kanafaa?

Fundi wa Flati
Vile vya bei rahisi vinakuza picha hadi 1080p vyenyewe, kisha TV inaikuza tena, unachelewa mara mbili. Kama TV yako ina matundu ya komponenti, yale ya kijani, bluu na nyekundu, nunua waya wa komponenti wa PS2, na kwenye menyu ya PS2 yenyewe uweke Y Cb/Pb Cr/Pr badala ya RGB, la sivyo rangi haziji. Badilisha hiyo ukiwa bado umechomeka ule waya wa njano, ndiyo uhamie komponenti. Gemu zenye 480p (picha nzima kwa mpigo) ziwashie 480p, TV inaepuka kazi ya kuunganisha mistari ya 480i (picha inayokuja nusu nusu). Nyekundu ya picha usiichanganye na nyekundu ya sauti.