Mnaojiita wahakiki hapa Dodoma, mnaua vitabu ambavyo hamjavisoma

Wakuu, salaam.

Nimevumilia vya kutosha, leo naandika. Uzi ni mrefu, asiye na nafasi apite. Ila wewe unayejiita mhakiki, unayepewa kitabu asubuhi na jioni umeshatoa hukumu kwenye makundi ya WhatsApp, kaa usome mpaka mwisho, maana unaambiwa wewe.

Mwaka huu imetoka riwaya ya binti mmoja wa Mpwapwa. Jina lake na la kitabu nayaacha, hajanituma, na yaliyompata yanamtosha. Kaichapisha kwa hela yake mwenyewe na anaiuza mkono kwa mkono. Kisa kinapita katika Mtunya, njaa iliyoipiga Ugogo, nchi ya Wagogo hapa Dodoma, kuanzia 1917 hadi 1920. Tuliokulia huku tumeisikia kwa wazee. Vita vya Wajerumani na Waingereza vilipopita hapa, majeshi ya pande zote mbili yalichukua ng'ombe na nafaka, wanaume wakakamatwa kubeba mizigo ya askari, kisha mvua nazo zikakatika. Katika riwaya, mama mmoja anamweka binti yake rehani kwa ukoo wenye mtama ili mtoto asife, na msomaji anakwenda kurasa zote akitaka kujua kama atarudi kumkomboa.

Sasa sikieni alichoandika mhakiki wetu. Kasema mwandishi ametia chumvi, kwamba njaa ya namna hiyo haijawahi kutokea Dodoma. Hakumuuliza mzee hata mmoja. Hakumtafuta mtu wa historia pale UDOM, Chuo Kikuu cha Dodoma, kiko mlimani tangu 2007, daladala inakufikisha mlangoni. Kaamua tu kwamba asichokijua yeye hakikuwepo. Halafu kuna mjomba katika kitabu anayesema mtoto wa kike ni akiba ya siku mbaya. Mhakiki kamgeukia mwandishi, kamwita mtu anayedhalilisha wanawake wenzake. Jamani, mjomba ni mhusika! Na sura mbili mbele mjomba huyohuyo anakatwa kauli na mama wa mtoto mbele ya wazee wa ukoo. Aliyesoma angefika hapo. Yeye hakufika, au alifika akaruka.

Na bado. Katika aya ya pili ya huo uhakiki kaeleza mwisho wote wa hadithi: nani anakufa, nani anarudi, mama anakuta nini mlangoni. Bila kumtahadharisha msomaji kwa neno hata moja. Mtu katumia miaka kuficha jambo hilo ndani ya kurasa, akalipanga ulifikie kwa hatua zake, wewe unalimwaga hadharani ili uonekane umesoma. Mwalimu mmoja wa sekondari alikuwa ameahidi kuchukua nakala kwa ajili ya maktaba ya shule. Baada ya uhakiki ule kusambaa akaghairi, kisa kaambiwa kitabu ni cha uongo na kinadharau wanawake. Mwalimu simlaumu sana, ana bajeti ndogo na aliamini maandishi. Namlaumu aliyeandika.

Msidhani nawatetea wanaosifia. Siku chache baadaye akaja wa pili, huyo akakiita kitabu bora kabisa kuwahi kutoka Kanda ya Kati. Nimesoma sifa zake tangu juu hadi chini. Hakuna jina la mhusika hata mmoja. Hakuna tukio. Hakuna sentensi iliyonukuliwa. Kuna muhtasari wa jalada la nyuma, neno kwa neno, na hongera nyingi. Baadaye nikaambiwa na mwandishi mwenyewe kwamba alitakiwa atoe kwanza hela ya vocha ndipo aandikwe. Huo si uhakiki, hilo ni tangazo, na tangazo liitwe tangazo. Mkila hela za mwandishi mseme mmekula. Akiwa rafiki yako au dada yako, sema katika mstari wa kwanza, msomaji ajipimie mwenyewe akuamini kiasi gani.

Wote wawili, mtukanaji na msifiaji, ni sawa na mtu anayetoa habari za ladha ya mlenda kwa kutazama chungu kwa nje.

Najua ugonjwa huu tuliupata wapi. Ni darasani. Kidato cha tatu na cha nne tulifundishwa kitabu kugawanywa: fani huku, maudhui kule. Chini ya fani andika muundo, mtindo, wahusika, mandhari, matumizi ya lugha. Chini ya maudhui andika dhamira, migogoro, ujumbe, falsafa, msimamo. Mgawanyo wenyewe siuchukii, unasaidia mtu kuanza. Shida ni kwamba tuliukariri ili tujibu mtihani, hoja tatu kutoka kitabu hiki na hoja tatu kutoka kile, kisha tukatoka shuleni tukidhani hapo ndipo uhakiki unapoishia. Ndiyo maana hadi leo mtu mzima, mwenye shahada, anaandika kwamba mwanamke amechorwa kama mlezi wa familia, chombo cha starehe na mtu jasiri. Kitabu chochote! Unaweza kubandika sentensi hiyo kwenye riwaya yoyote ile na isikatae. Na kile kipengele cha kufaulu na kutofaulu kwa mwandishi ndicho kilichotuzalia hili dai la kwamba mwandishi hajatoa suluhisho. Suluhisho la nini? Binti wa Mpwapwa alitakiwa amalize njaa ya 1918? Alitakiwa aandike sura ya mwisho kuhusu maghala na visima? Riwaya ile inauliza mtu afanye nini akibakiwa na mtoto mmoja na debe nusu la mtama. Pima kama imeuliza vizuri.

Mimi ni msomaji tu, tuna kikundi chetu tunakutana Makole hapa mjini, tunasoma na kubishana. Kitabu hiki tumekipitia mara mbili, na ngoja niwaonyeshe kitu ambacho mhakiki yeyote aliyetulia angekiona. Sura za mwanzo, mvua zikiwa bado zinanyesha, sentensi za huyu binti ni ndefu. Zinazunguka, zinataja ng'ombe kwa rangi na pembe zao, zinasimama kusalimia watu njiani. Njaa inapoingia sentensi zinaanza kufupika. Mwandishi hakuambii kwamba watu wamechoka. Anakata maneno. Kuna ukurasa mmoja katikati ya kitabu ambao una majina ya ng'ombe waliokufa tu, jina na nukta, jina na nukta, hakuna kitenzi. Mwenzetu mmoja kwenye kikundi aliusoma kwa sauti, na hakuna aliyetaka kuzungumza baada yake. Hapo utatenganisha vipi fani na maudhui? Ufupi wa sentensi ndiyo njaa yenyewe. Mhakiki anatakiwa aweke kidole pale, ataje ukurasa, anukuu mistari miwili mitatu, aseme mistari hiyo inafanya kazi gani. Msomaji ataangalia mwenyewe akubali au akatae.

Na kasoro? Zipo, na nitazisema, kwa sababu kumheshimu mwandishi ni kumwambia. Sura ya tisa inaruka miaka miwili bila kumwandaa msomaji, tukabaki tunahesabu umri wa mtoto kwa vidole. Afisa wa Kijerumani anazungumza Kiswahili cha ofisini cha leo, kama mtu aliyetoka kikaoni Mtumba kwenye ofisi za serikali, na kila anapofungua mdomo mwaka 1917 unapotea. Kuna wahusika wanaingia kwa kishindo, wanapewa majina na ukoo, halafu hawaonekani tena. Hizo ni kasoro za kweli, na binti tumemweleza, akaziandika kwenye daftari lake. Ajabu ni kwamba katika zile hukumu zote za mtandaoni hakuna hata mmoja aliyezigusa. Walikuwa na kazi ya kukanusha Mtunya.

Tatizo haliko kwenye vitabu peke yake. Nilisoma andiko la mtu aliyekwenda kwenye onyesho la ngoma za Kigogo. Aya nzima ni mavazi, shanga, vumbi, na jinsi umati ulivyofurahi. Wakuu, muziki wa Wagogo watu wanafunga safari kutoka nje ya nchi kuja kuusikiliza kwa sababu ya namna sauti zinavyogawana, huyu anashika juu, yule anashika chini, zinapishana na kukutana. Marehemu Hukwe Zawose, aliyefariki 2003, aliupeleka ughaibuni kwa zeze, ilimba (ile marimba ya vidole gumba) na koo lake. Kwenye muheme, ngoma ya Kigogo, wanawake ndio wanaobana ngoma mapajani na kuzipiga. Mwandishi wetu hakuandika nani alipiga, nani aliongoza wimbo, kama ngoma zilishikana au ziliachana. Alikuwa na masikio, akaamua kutumia macho. Uhakiki wa muziki usiosema chochote kuhusu sauti nausomea nini?

Kuhukumu kazi kwa kipimo ambacho haikuomba ni dhuluma nyingine inayoniudhi. Mathias Mnyampala, mtu wa hukuhuku Ugogo, aliyezaliwa 1917, Mtunya ikiwa inaanza, alitunga kwa vina na mizani na akaipigania ngonjera, yale mashairi ya kujibizana. Euphrase Kezilahabi akaja na Kichomi mwaka 1974, mashairi huru yasiyofuata vina wala mizani, na ukazuka ugomvi mkubwa kama hayo ni mashairi au la. Ugomvi ule ulikuwa mkali, lakini nauheshimu, kwa sababu walikuwa wakigombania shairi limejengwaje. Ukimhakiki Mnyampala, niambie vina vyake vinabeba maana au vimejazwa tu ili mizani itimie. Ukimhakiki mtunzi wa mashairi huru, niambie mstari kwa nini umekatwa pale ulipokatwa. Usimkute huyu ukamdai ya yule.

Na hili la kumbebesha mwandishi matendo ya wahusika wake tunalirudia kizazi hadi kizazi. Kezilahabi huyohuyo, riwaya yake Rosa Mistika ya 1971 ilipigwa marufuku mashuleni kwa sababu ya yale yanayomkuta yule msichana na wanaume. Baadaye ikaja kusomeshwa mashuleni. Tunataka kumpitisha binti wa Mpwapwa njia hiyohiyo?

Ninachodai ni kidogo. Soma kazi yote hadi ukurasa wa mwisho, na ukiweza rudia. Simulia kisa kwa mistari michache tu, uishie pale msomaji anapoanza kuwa na hamu, usivuke. Kila unalolidai, sifa au lawama, lionyeshe lilipo ndani ya kazi. Kama kitabu kimegusa historia, nenda kaulize kabla ya kumwita mtu mwongo. Na ukimaliza niambie kitabu kinamfaa nani, maana mwalimu wa sekondari na mama anayenunua cha kusoma kwenye treni ya kwenda Dar hawatafuti kitu kimoja.

NYONGEZA: Kuna mkuu hapo chini anasema kila mtu ana maoni yake, nisiwapangie watu. Mkuu, ukisema hukukipenda kitabu hakuna atakayekugusa, ni haki yako. Ila hapohapo ulipoongeza kwamba shule zisikinunue, ulitoka kwenye maoni ukaingia kwenye hukumu, na hukumu inadaiwa ushahidi. Taja kurasa.

Mwingine kaniambia waandishi wachanga wasikosolewe, tuwatie moyo kwanza. Sikubaliani hata kidogo. Binti huyu alipopata hongera mia hakubadilisha kitu. Alipoambiwa sura ya tisa inaruka, alirudi nayo baada ya wiki kadhaa ikiwa imeandikwa upya, na sasa umri wa mtoto unaujua bila kuhesabu. Hongera tupu zingemwacha palepale.

Mwenye nakala ya ule uhakiki wa kwanza, wote, bila kukatwa, auweke hapa tuupitie mstari kwa mstari tukiwa na kitabu mkononi. Na aliyeuandika kama yumo humu, ajitokeze aanzie na hili la Mtunya.