Mjadala: Ardhi ya Pwani ilipotea 1963 au 1908?

Kijana wa Likoni: Ilipotea 1963. Oktoba mwaka huo Jomo Kenyatta na Mohamed Shamte, Waziri Mkuu wa Zanzibar, waliandikiana barua, na ukanda wa maili kumi wa pwani, uliokuwa wa Sultani wa Zanzibar, ukatiwa ndani ya Kenya. Wakulima wa Likoni na Kisauni, hapa Mombasa, hawakuulizwa. Hadi leo wajukuu zao wanaitwa maskwota.

Bi wa Kibokoni: Mwanangu, barua zile zisome mpaka mwisho. Ziliahidi mahakama za kadhi, uhuru wa dini, Kiarabu kufundishwa skuli za Waislamu, na hatimiliki zilizokwisha andikishwa ziheshimiwe. Hapo kwenye hatimiliki ndipo penye uchungu. Aliyekuwa na karatasi alilindwa. Asiye nayo alifungiwa mlango. Na karatasi zilitokana na sheria ya 1908: kila mwenye madai apeleke ombi na ushahidi, na ardhi isiyodaiwa ikawa ya mfalme wa Uingereza. Waarabu na Waswahili wengi walikuwa na hati zilizoandikwa kwa kadhi. Mdigo na Mgiriama ardhi yao ni ya ukoo, mpaka wake ni mbuyu au makaburi, na shamba huachwa miaka udongo upumzike. Lililopumzishwa likahesabiwa pori lisilo mwenyewe.

Wa Kisauni: Kweli kabisa, Bi, lakini ardhi hiyo ya mfalme baada ya uhuru iligeuka jina tu, ikawa ya serikali, na wenye vyeo wakagawiana. Ripoti ya Tume ya Ndung'u ya 2004 imeeleza wazi ugawaji wa namna hiyo. Kila kiwanja kina historia yake. Chukua namba yake (MN ni bara ya kaskazini mwa kisiwa cha Mombasa, MS ya kusini) uende ofisi ya ardhi. Watu hukosea hapa: huomba jina la mwenye sasa, wakarudi nalo hilo tu. Omba maingizo yote tangu hati ya kwanza. Ikiwa ya kwanza imetokana na usajili wa 1908, hoja yako ni ya ukoloni. Ikiwa ni ya serikali baada ya 1963, unamdai mtu mwingine kabisa. Sheria yetu ya dhuluma za kihistoria za ardhi inashika zote mbili: 15 Juni 1895 hadi 27 Agosti 2010.

Kijana wa Likoni: Shikamoo Bi, nimekuelewa. Lakini shamba hapa kwetu lililokuwa la mmiliki Waitiki, ekari 930, watu waliokuwa wakiishi humo walipewa hatimiliki na serikali Januari 2016 na wakatakiwa wazilipie. Ikiwa serikali imekubali kwamba hawa si wavamizi, wanalipia nini?