Friji ya wati 150 inakula uniti ngapi kwa mwezi? Tunachangia LUKU

Mpangaji_Tabata: Wakuu, naomba ushauri. Nyumba ina mita moja ya LUKU (umeme wa kulipia kabla), tupo wapangaji wanne, kila mtu analipia vyombo vyake. Friji yangu nyuma ina kibandiko: 150W, 0.9A, 220–240V. Nimepiga 150 × saa 24 × siku 30 ÷ 1,000, nimepata uniti (kWh) 108. Wenzangu wanataka nilipe zote. Hesabu iko sawa? Na uniti moja ni shilingi ngapi?

Fundi_Friji: Hapo unaonewa, mkuu. Wati 150 ni za kompresa (mota inayopoza friji) ikiwa inazunguka. Friji ikishapoa thamostati inaikata, joto likipanda inaiwasha tena. Friji nzima, isiyofunguliwa ovyo, chukulia kompresa inafanya kazi theluthi ya siku, yaani saa 8. Kwa hiyo 0.15 × 8 = uniti 1.2 kwa siku, 36 kwa mwezi. Hilo ni kisio. Tafuta kama kuna kibandiko kingine chenye kWh/24h, kikisema 0.75, zidisha kwa 30 upate 22.5, kisha ongeza kidogo kwa joto la Dar.

Na mtu asikuletee 0.9 × 230 = 207. Hizo ni volti-ampea, si wati. Mita ya nyumbani inahesabu wati halisi kwa muda zilizotumika, yaani kWh.

Hesabu_Kwanza: Bei: T1 (kundi la watumiaji wa kawaida) ni sh 292 kabla ya makato. Ongeza VAT 18%, REA (umeme vijijini) 3% na EWURA (mdhibiti wa nishati) 1%, unapata 292 × 1.22 = sh 356.24 kwa uniti. Uniti 36 ni kama sh 12,825. Zile 108 zingekuwa sh 38,474, tofauti kubwa mno.

Msitafute bei ya uniti kwa risiti ya kwanza ya mwezi, maana hapo kodi ya jengo sh 1,500 inakatwa na uniti zinaonekana chache. Tumieni risiti ya pili. Wa D1 (kundi la matumizi madogo ya nyumbani) wao wanalipa sh 122 pamoja na makato, lakini hadi uniti 75 tu. Zinazozidi ni sh 427 kila moja. Wapangaji wanne wenye friji kwenye mita moja hamuwezi kukaa ndani ya 75.

Mpangaji_Tabata: Shukrani sana. Sasa nipimeje matumizi halisi ili wenzangu wakubali?

Umeme_Salama: Nunua mita ndogo ya kuchomeka kwenye soketi, chomeka friji juu yake, iache siku 3 kamili. Soma kWh, gawa kwa 3. Usipime saa moja: unaweza kuangukia kompresa imezima, au ndiyo kwanza inapoza vyakula vipya.

Huna hiyo mita? Ombeni wote mzime vyombo vyenu kwa dakika 5, ibaki friji tu na kompresa ikiwa inaunguruma. Kwenye mita ya LUKU kuna taa nyekundu inayopepesa, na pembeni pameandikwa mfano 1600 imp/kWh, yaani mipepeso 1600 kwa kila uniti. Hesabu mipepeso ya dakika 5. Ikiwa 20, kwa saa ni 240; 240 ÷ 1600 = kilowati 0.15. Hapo umehakiki wati tu. Saa za kuzunguka bado itabidi uzirekodi, kwa hiyo mita ya soketi ndiyo itakayomaliza ubishi.

Fundi_Friji: Ikitoka juu ya uniti 1.8 kwa siku kwa friji hiyo, kuna kitu. Anza na raba ya mlango: bana noti, vuta, ikitoka kirahisi, hewa moto inaingia. Barafu ikishakuwa nene kama kidole, yeyusha, usichokonoe kwa kisu, utatoboa bomba la gesi. Vumbi kwenye wavu wa nyuma lifute, na friji iachie nafasi kama sentimita 10 kutoka ukutani. Kama yote hayo yako sawa na kompresa haipumziki kabisa, mwite fundi apime gesi kabla hujagawana bili na mtu.