Jamaa wa Langoni: wiki ya chakula Venice

Idrisa (Nairobi), Jumamosi saa 2:10 usiku
Assalaam alaykum jamaa wote. Nimekaa na kalenda nikaona kwamba tukitua Venice Jumatatu ya pili ya mwezi wa Mei, tutapata siku saba kamili kabla ya ndege ya kurudi. Ninapendekeza tulale Venice siku mbili, tupande treni tukakae Florence siku mbili nyingine, kisha tumalizie Roma, kwa sababu nauli ni kubwa na sipendi Mama arejee bila kuiona Roma. Kwa malazi ya Venice nimepata hoteli huko Mestre, bara, ng'ambo ya daraja la treni, na bei yake ni karibu nusu ya zile za kisiwani. Salma, wewe uliye Padova ndiye mwenye kuijua nchi, kwa hiyo naomba maoni yako kabla sijalipa chochote.

Salma (Padova), saa 2:34 usiku
Waalaykum salaam, kaka. Shikamoo Mama, shikamoo Shangazi, shikamoo Ami. Naomba sana usilipe bado. Mama alipozungumza nami Ijumaa alisema mambo mawili tu, kwamba anataka kupumzika na anataka kula samaki asiyempika yeye. Miji mitatu katika siku saba ni kufungasha na kufungua masanduku, na Venice peke yake ina madaraja zaidi ya 400, ambayo karibu yote yana ngazi za kupanda na kushuka. Goti la Mama litachoka kabla hajaonja kitu.

Kuhusu Mestre, bei ni nafuu kweli, wala sikubishii. Lakini chakula cha Venice kina saa zake. Soko la samaki la Rialto huanza asubuhi mapema, na ikifika saa sita mchana wachuuzi wanamwagia maji meza zao na shakwe wanagombea vichwa vya samaki. Jioni, wageni wa siku moja wakishaondoka, mji hutulia hata ukasikia makasia. Anayelala bara huzikosa saa zote mbili, kwa kuwa asubuhi bado yumo njiani na jioni anawahi kurudi. Mimi ningechukua nyumba yenye jiko mtaa wa Cannaregio, karibu na kituo cha boti cha Ca' d'Oro, ambako njia kuu ni pana na tambarare kwa sehemu kubwa, tukakaa hapo hapo kwa wiki nzima.

Shangazi Rukia (Mombasa), saa 2:51 usiku
Marahaba, mwanangu. Mimi sina neno na Roma wala na Venice, neno langu ni chakula. Je, tutakula tambi asubuhi na jioni siku saba mfululizo? Na habari za nyama ya nguruwe na mvinyo tutazikabili vipi, ilhali hatuijui lugha yao? Nisingependa niwe mgeni wa kukaa mezani na kutazama sahani za wenzangu.

Salma, saa 3:20 usiku
Shangazi, hofu yako ni ya haki, kwa hiyo nitaeleza kwa kirefu.

Venice ni mji wa watu wa bahari kabla ya kuwa mji wa tambi. Ugali wao huitwa polenta, na huku Venice hupenda ule wa mahindi meupe, laini, unaomiminwa kwenye sahani na kuwekewa samaki juu yake. Uliobaki hupoa, hukatwa vipande, na kesho yake huchomwa juu ya chuma hadi unapata michirizi ya moto, kwa hiyo kiporo cha ugali nacho kina heshima yake mezani. Juu ya vipande hivyo hupakwa kitu kinachoitwa baccalà mantecato. Nacho hakina siri: ni ng'onda. Samaki huyo hukaushwa Norway kwa upepo na baridi bila chumvi, huja mkavu kama ubao, hulowekwa siku kadhaa, huchemshwa, kisha hupigwa kwa mwiko huku mafuta yakitiwa kidogo kidogo mpaka awe mweupe na laini kama malai. Wavenice husimulia kwamba aliyewaletea ni nahodha Pietro Querini, aliyetoka Krete mwaka 1431, merikebu yake ikavunjika, na yeye na wachache waliosalia wakaokolewa mwaka 1432 na wavuvi wa kisiwa cha Røst, ambao ndio waliomlisha samaki huyo.

Kuna pia sarde in saor, yaani sadini waliokaangwa na kupangwa tabaka kwa tabaka na vitunguu vilivyopikwa kwa siki, pamoja na zabibu kavu na kokwa za msonobari. Huachwa siku moja au mbili ndipo waliwe, maana mabaharia walikitengeneza chakula hicho ili kisiharibike chomboni. Nilipokionja mara ya kwanza nililia kidogo, kwa kuwa ule utamu ukikutana na ukali ulinirudisha kwenye achari ya Bibi.

Nyama tutaiacha kabisa wala hatutapungukiwa. Mvinyo ndio wa kuangalia, kwa sababu hutiwa katika wali wao wa mchuzi na katika ngisi wa wino mweusi, hata kama kwenye orodha haukuandikwa. Nitauliza kila mara kabla ya kuagiza, na neno lenyewe nanyi mlishike: "senza vino", yaani bila mvinyo. Wakisema mchuzi umekwisha kupikwa nao, tutaagiza samaki wa kuchoma.

Mama (Lamu), saa 3:41 usiku
Marahaba, Salma. Nimesomewa yote na nimeelewa. Hiyo habari ya ugali mweupe na ng'onda imenitosha. Idrisa, mwanangu, Roma iache, Mungu akipenda tutaiona safari nyingine. Mimi nataka niamke, niende sokoni polepole, nirudi, nipumzike, na alasiri nikae mahali pa kutazama maji. Lakini nitavukaje madaraja hayo yote kwenda sokoni?

Salma, saa 3:55 usiku
Hutavuka hata moja, Mama. Kutoka Santa Sofia, hatua chache na Ca' d'Oro, kuna kivuko cha gondola kinachoitwa traghetto, chenye wapiga makasia wawili, kinachokatiza mfereji mkuu na kukushusha mbele ya soko lenyewe kwa yuro 2. Ukihofia kuingia humo, mabasi ya majini, yale yanayoitwa vaporetto, namba 1, huenda kituo cha Rialto Mercato, na hayo yana viti na sehemu ya kuingilia iliyo sawa na gati.

Nikueleze kitu kimoja cha sokoni ambacho najua utakisimamia muda mrefu. Wauzaji wa mboga huketi na kisu kifupi wakimenya carciofo, ua la mboga lenye majani magumu kama magamba, kutoka kisiwa cha Sant'Erasmo kilicho jirani. Mkono wa kushoto hulizungusha, wa kulia hukata, majani yote yanaanguka, na kinachobaki ni kitako cheupe cha duara kinachotoshana na kifuniko cha kikombe. Hukitosa papo hapo kwenye ndoo ya maji yenye vipande vya limau kisigeuke cheusi, kama unavyotosa ndizi mbichi. Ukifika nyumbani unavikaanga kwa mafuta na kitunguu saumu, unafunika, unaacha moto mdogo. Mei ndio msimu wake, na ndio msimu wa njegere mbichi za kupika risi e bisi, wali wa njegere mzito unaokaribia bokoboko kwa ulaini.

Ami Omari (Lamu), saa 4:05 usiku
Nimekuwa nikiwasoma kimya. Sisafiri nanyi, lakini nina ombi. Nilipata kusikia kutoka kwa baharia mmoja kwamba soko hilo lina bamba la mawe ukutani lenye urefu wa chini wa kila samaki anayeruhusiwa kuuzwa. Kama ni kweli, nipigieni picha iliyo wazi, niwaonyeshe vijana wetu wanaoleta kamba wachanga gatini. Halafu mkipita mfereji mkuu, tazameni jengo la Fondaco dei Turchi. Fondaco limetokana na neno la Kiarabu funduq, yaani nyumba ya wageni, na wafanyabiashara wa dola ya Uthmaniya walilitumia tangu mwaka 1621 hadi 1838 kwa kulala, kuhifadhi mali na kuswali. Sasa ni makumbusho ya viumbe.

Salma, saa 4:12 usiku
Ni kweli, Ami, bamba lipo, nami nitakutumia picha inayosomeka. Nyongeza kwako wewe mvuvi: kwenye meza za samaki kuna vibao vidogo vya bei, na penye neno "nostrano" maana yake amevuliwa karibu, si aliyesafirishwa. Hao ndio tutakaonunua.

Idrisa, saa 4:20 usiku
Nimeshindwa kwa hoja, na ninakubali kwa moyo mmoja. Sasa hesabu. Naona tiketi moja ya boti, inayodumu dakika 75, ni yuro 9.50, na ya siku 7 ni yuro 65. Mtu akipanda mara saba tu amekwisha kuilipia, kwa hiyo nitanunua za siku 7 kwa watatu wetu tunaotoka nyumbani. Ada ya viza ya Schengen ni yuro 90 kwa mtu mzima, na bima ya safari lazima ifikie angalau yuro 30,000, hayo nitayashughulikia mimi. Gondola ya kukodi, Salma, inagharimu kiasi gani?

Salma, saa 4:26 usiku
Bei rasmi ya mchana ni yuro 90 kwa nusu saa. Kwa fedha hizo ningependa tule Burano, kaka. Ni kisiwa cha wavuvi chenye nyumba za rangi, kiasi cha dakika 45 kwa boti namba 12 kutoka Fondamente Nove, na huko hupika wali kwa supu ya gò, samaki mdogo anayeishi kwenye matope ya wangwa. Hana sura ya kumvutia mtu, miiba imemjaa, wala hawamli mwenyewe: humchemsha, humchuja, na ile supu ndiyo inayopika mchele. Twende Jumatano au Alhamisi, turudi na biskuti zao za siagi na viini vya mayai kwa ajili ya chai.

Jumatatu mtakuwa mmechoka, na soko la samaki hufungwa Jumapili na Jumatatu, kwa hiyo usiku huo nitawapikia mimi. Jumanne asubuhi ndipo tuvuke kwenda Rialto. Siku nyingine msizipangie kitu, tafadhali. Tutaamua kwa kutazama meza za samaki.

Shangazi Rukia, saa 4:38 usiku
Nimeridhika sana. Ila mkiwa na jiko na samaki wabichi namna hiyo, siku moja lazima iwe yangu, niwapikie samaki wa kupaka. Je, naruhusiwa kuja na nazi na ndimu?

Salma, saa 4:44 usiku
Nazi inaruhusiwa, Shangazi. Matunda yanayoingia Ulaya bila cheti cha afya ya mimea ni matano tu: nazi, ndizi, nanasi, tende na duriani. Ndimu na embe ziache, malimau ya huku yanatosha. Usije na nyama wala maziwa ya aina yoyote, hayo yatachukuliwa uwanjani.

Mama, saa 4:50 usiku
Rukia, chukua nazi tatu. Mimi nitabeba mbuzi.

Idrisa, saa 4:52 usiku
Mama, mbuzi ina meno ya chuma, kwa hiyo iingie kwenye sanduku linalokwenda chini ya ndege. Nitakuja Lamu wiki moja kabla, nikufungie mwenyewe.