Mrejesho: kiti cha mtoto kwenye pikapu ya kebini na nusu

Wakuu, salaam kutoka Uyole, Mbeya. Niliuliza kama kiti cha binti yangu wa miaka miwili kinaweza kufungwa nyuma kwenye pikapu ya kebini na nusu, ile yenye viti vidogo vya kukunja vinavyotazamana kiubavu. Jibu ni hapana, na halina mjadala. Kiti cha mtoto hakikutengenezwa kufungwa kwenye siti ya ubavu; gari likigonga, mtoto anarushwa upande ambao kiti hakimkingi.

Kwa hiyo amehamia mbele, akitazama nyuma. Gari langu ni la zamani, upande wa abiria halina eabegi (mfuko wa hewa unaofumuka gari likigonga). Kama lako linayo na haizimiki, usithubutu: ikifumuka inapiga mgongo wa kiti pale pale kichwa cha mtoto kilipo.

Kazi ilikuwa kwenye mkanda. Wa kwangu haubani mpaka uvutwe ghafla, hivyo nimetumia kibanio cha mkanda kilichopo kwenye kiti chenyewe cha mtoto. Nikakandamiza kwa mkono, nikavuta mkanda hadi mwisho. Ukitikisa pale unapopita, kiti kisicheze zaidi ya sentimita 2.5.

Halafu baridi yetu hii. Koti zito linavuliwa kwanza, mikanda inabana kifua, ndipo blanketi linafunika juu. Koti likibaki ndani, mikanda inaonekana imekaza kumbe imelegea.

Shemeji yenu sasa ndiye anayekaa nyuma. Safari ya Iringa, malalamiko yalianza kabla ya Igawa.