Tupeane uzoefu: kampeni ya Trump ya 2016 mliitazamia wapi, na TV iliwaonyesha nini?

Mapokezi Shangani: Wakuu wa Kusini, naanza mimi. Wakati ule nilikuwa mapokezi kwenye hoteli moja hapa Mtwara, zamu ya usiku, wageni wengi ni wa gesi. Kuamkia Machi 16, 2016, Marekani wana mchujo wa wagombea urais kwenye majimbo kadhaa, saa kumi alfajiri mimi niko macho na TV. Jukwaa lipo, bendera zipo, maikrofoni ipo. Mtu hakuna! Anasubiriwa Trump. Baadaye nikaja kusoma kwamba muda uleule Bernie Sanders, mgombea wa upande wa Democratic, alikuwa anahutubia mji wa Phoenix, huku televisheni za CNN, Fox News na MSNBC zikisubiri pale penye jukwaa tupu. Iliniuma kweli. Asubuhi ile nilishawaambia wenzangu kwamba wagombea wengine wamelala. Kumbe hawakulala, ni mimi sikuonyeshwa.

Kinyozi Chikongola: Saluni kwangu ilikuwa Desemba 2015, Trump aliposema Waislamu wazuiwe kuingia Marekani. Kile kipande kilirudiwa mpaka tukakijua kwa moyo. Wateja wangu wengi ni Waislamu, na mimi ni Mwislamu, kwa hiyo fikirini ubishi uliokuwepo. Mzee mmoja alikuwa kimya kwenye benchi. Mwishowe akasema, "Wajukuu zangu, huyu tumemsikia tangu asubuhi. Waislamu wa hukohuko wao wamesemaje?" Tukatazamana. Tukasubiri mpaka taarifa ya saa mbili, hatukusikia hata mmoja. Ndege ya Trump nilikuwa naijua rangi yake, lakini imamu wa Marekani sikumjua hata mmoja kwa jina.

Binti Newala: Sisi tulikuwa tumeanika korosho uani, Novemba 9, TV tumeigeuzia dirishani ili bibi aone. Saa nne na nusu asubuhi kwa saa zetu, Trump ameshinda. Bibi alishangaa, maana siku zote alisikia mpinzani wake, Hillary Clinton, anaongoza. Matokeo yalipokamilika nikamweleza: Clinton kamzidi Trump karibu kura milioni 3, ila kule ushindi ni wajumbe wa majimbo, anatakiwa mtu afikishe 270. Bibi akaniuliza, "Mwaka mzima wanatuonyesha watu wanazomeana, hili la wajumbe mbona hawakutufundisha?" Sikuwa na la kumjibu. Mpaka leo mtangazaji akitaja nani atashinda, bibi anauliza kwanza: wamehesabu au wamekisia?

Mapokezi Shangani: Mpe bibi shikamoo yangu. Nachingwea, Masasi, mliokuwa mnafuatilia kwa redio, na nyie ilikuwa hivihivi?