Nilikuwa mweka hazina wa harusi yake, msibani kwangu hakufika

Swali
Ndugu wanajamvi, naombeni ushauri. Nina rafiki tuliyesoma naye bweni miaka 4, tukigawana sabuni na sukari ya kutilia uji. Leo yeye anaishi Mbezi Beach na mimi ni fundi cherehani Mbagala. Alipooa mwaka 2019 nilikuwa mweka hazina wa kamati ya harusi yake: kila Jumapili nilihudhuria kikao, nikafuatilia ahadi za watu kwa nauli yangu, na mchango wangu wa shilingi 100,000 niliukopa, kwa kuwa pungufu ya hapo mtu hakupata kadi. Mwezi uliopita nilimzika mama. Siku zote 3 za matanga nilikuwa nageuka kila gari liliposimama nje. Alituma rambirambi ya shilingi 300,000 kwa simu, pamoja na ujumbe mfupi wa pole. Fedha hiyo ndiyo iliyolipia turubai na viti, ndiyo maana nashindwa hata kumlaumu. Je, nina haki ya kuumia?

Jibu la 1
Pole kwa msiba. Haki unayo. Rambirambi hutumwa na aliye mbali, na kutoka Mbezi Beach hadi Mbagala si safari ya kumshinda mwenye gari.

Jibu la 2
Mimi niko kwenye nafasi kama ya huyo rafiki yako. Tangu nipate kazi nzuri, karibu kila simu ya watu wa zamani huja na shida au mchango, nami nikazoea kutuma fedha kabla sijasikiliza, hadi siku moja nilipomtumia mtu aliyekuwa ananiita tu nikamwone mtoto wake mchanga. Simtetei. Nauliza tu: amewahi kula kwenu?

Mwuliza swali
Amewahi. Likizo moja alikosa nauli ya kwenda kwao Songea, akakaa kwetu wiki 3, na mama ndiye aliyempikia na kumfulia. Hapo ndipo panaponiuma zaidi kuliko habari ya harusi.

Jibu la 3
Basi harusi iache, mdai hilo la mama. Mwite kwenye arobaini kwa sauti yako, si kwa ujumbe, na umwambie asitume chochote. Asipofika, utakuwa umejua.

Mwuliza swali
Arobaini ni Jumamosi ijayo. Nitampigia leo jioni nikishafunga kibanda.